Wataliani Warefu na Milima ya Keren

  Mwalimu wa darasa, tafadhali andika ubaoni maneno haya: divisheni, rejimenti, batalioni, granatieri, Keren. Wanafunzi, yasomeni mara mbili kwa sauti, silabi kwa silabi. Neno la nne ni geni, tutalieleza punde.

Katika nyumba nyingi za mkoa wetu wa Mara husimuliwa habari za babu aliyekwenda Keya, yaani jeshi la Waafrika chini ya Waingereza lililoitwa KAR. Watu husema, "Babu alikwenda Uhabeshi kupigana na Mtaliani." Lakini ukiuliza Mtaliani huyo alikuwa nani, alifikaje Uhabeshi, na kwa nini alishindwa, wengi hunyamaza. Basi leo tutamtazama huyo adui wa babu. Tutachukua divisheni moja tu ya jeshi la Italia na kuifuata tangu kuzaliwa mpaka kufa kwake.

Kwanza tuelewe neno divisheni. Askari kumi hivi hufanya seksheni. Seksheni chache hufanya platuni, platuni chache hufanya kombania, na kombania chache hufanya batalioni, ambayo ni watu mia kadhaa. Batalioni zikiunganishwa ni rejimenti. Divisheni ya Italia wakati ule ilikuwa na rejimenti mbili za askari wa miguu na moja ya mizinga, pamoja na wapishi, madereva, waganga na mafundi wake. Kwa kawaida ilikuwa na watu zaidi ya 10,000. Divisheni ni kama mji unaotembea: ina jiko lake, hospitali yake na karakana yake. Shikeni jambo hili, maana tutalirudia.

Divisheni yetu iliitwa Granatieri di Savoia, nayo ilikuwa ya 65. Granata kwa Kitaliani ni bomu la mkono. Zamani mabomu hayo yalikuwa mazito, kwa hiyo walichaguliwa watu warefu wenye mikono ya nguvu kuyatupa. Watu hao ndio granatieri. Savoia ni jina la ukoo uliotawala Italia. Kikosi cha kwanza cha askari hao kiliundwa mwaka 1659 katika mji wa Torino ili kumlinda mtawala. Hata baada ya mabomu kuwa mepesi, Wataliani waliendelea kuchagua watu warefu. Walijivuna sana kwa urefu huo, ingawa risasi haiulizi urefu wa mtu.

Walifikaje Afrika? Mwaka 1896 Wataliani walijaribu kuitwaa Ethiopia, wakapigwa na Mfalme Menelik pale Adwa. Hawakusahau aibu hiyo. Mwezi Oktoba 1935, kwa amri ya Mussolini, waliingia tena, safari hii na ndege na gesi ya sumu. Tarehe 5 Mei 1936 waliingia Addis Ababa, naye Mfalme Haile Selassie alikuwa amekwisha kwenda uhamishoni. Divisheni ya Granatieri iliundwa mwaka huo huo wa 1936, ikapelekwa Addis Ababa kuushika mji mkuu wa watu wengine.

Kuuteka mji ni jambo moja, na kuishika nchi ni jambo jingine. Wazalendo wa Ethiopia waliingia milimani na hawakuacha kupigana. Mwezi Februari 1937 walijaribu kumwua Graziani, mtawala wa Kitaliani, na kwa kisasi watu kwa maelfu waliuawa mjini Addis Ababa. Baada ya hapo barabara na madaraja yalihitaji kulindwa usiku na mchana.

Tarehe 10 Juni 1940 Italia iliingia katika Vita Kuu ya Pili upande wa Wajerumani. Hapo Wataliani wa Ethiopia, Eritrea na Somalia walijikuta kama samaki ndani ya mgono. Mfereji wa Suez ulikuwa mikononi mwa Waingereza, na manowari za Waingereza zilizunguka baharini. Jeshi lilikuwa na watu zaidi ya 250,000, wengi wao wakiwa askari Waafrika wa Eritrea, Ethiopia na Somalia, lakini mipira ya magari ikichakaa hapakuwa na mingine, na petroli ikichomwa imekwisha. Mtoto wa shule angeweza kuifanya hesabu hiyo.

Mwezi Januari 1941 Waingereza walitoka Sudan na kuingia Eritrea, wakiwa na divisheni mbili za Wahindi. Njia yao kwenda Asmara ilipita Keren. Fikirini barabara kuu inayopita Bunda chini ya kilima cha Balili. Sasa kifanyeni kilima hicho kirefu mara kadhaa, kiwekeeni mwenzake upande wa pili, na katikati muache nafasi ndogo ya barabara na reli. Hiyo ndiyo Keren. Wataliani waliyapasua majabali kwa baruti yakaporomoka barabarani, wakaziba njia.

Ndipo Granatieri walipoitwa. Rejimenti yao ya 11 ilipandishwa malori Addis Ababa, ikaenda mbio zaidi ya kilometa 1,000 mpaka Keren, ikafika mwanzoni mwa Februari, wakati Wahindi nao walikuwa wanafika. Kama wangechelewa siku chache, pengine Keren ingetekwa bila vita kubwa. Walipanda milimani pamoja na askari wa Eritrea, wakapanga bombom na mizinga midogo kati ya mawe.

Kwa wiki saba hivi mapigano hayakukoma. Wahindi na Waingereza walipanda juani wakibeba maji, risasi na bunduki, wakirushiwa mabomu ya mkono kutoka juu. Hapo jina la kale la granatieri lilipata maana yake tena. Kilima kikitekwa asubuhi, jioni Wataliani walirudi kukidai. Katikati ya Machi Wahindi na Waingereza waliiteka ngome ya Dologorodoc iliyotazama barabara, na Wataliani waliirudia mara nyingi bila kufaulu. Kisha mafundi waliyaondoa mawe yaliyoziba njia, magari ya vita yakapita, na tarehe 27 Machi 1941 Keren ilianguka. Upande wa Waingereza waliuawa zaidi ya 500, na waliojeruhiwa walipita 3,000. Wataliani na askari wao Waafrika waliokufa walikuwa wengi zaidi.

Sasa kumbukeni mji unaotembea. Ukiuchukua mji, ukaipeleka nusu huku na nusu kule, si mji tena. Ndivyo ilivyokuwa. Divisheni hii haikupigana kama divisheni nzima. Vikosi vyake vilikatwakatwa, kimoja huku kingine kule, kila mahali palipovuja. Kwa maoni yangu hilo liliwaumiza kuliko upungufu wa ushujaa, maana hata maadui zao hawakusema kwamba wa Keren walikuwa waoga.

Na babu alikuwa wapi? Tuseme kweli: Keya hawakupigana Keren. Wao walikuja kutoka kusini. Musoma wakati ule ilikuwa wilaya ya Jimbo la Ziwa, na vijana wa upande huu, Wakurya hasa, waliingia jeshini kwa wingi. Rejimenti ya 6 ya Keya ilikuwa ya Tanganyika. Mwezi Februari 1941 jeshi la kusini, la Waafrika wa Mashariki na Magharibi pamoja na watu wa Afrika Kusini, liliingia Somalia kutoka Kenya. Tarehe 25 lilitwaa Mogadishu, na tarehe 6 Aprili likaingia Addis Ababa. Ilikuwa karibu kilometa 2,700 kwa siku 53, kama mtu kutoka Musoma mpaka Dar es Salaam kisha akarudi, huku akipigana njiani.

Tarehe 19 Mei batalioni ya kwanza ya rejimenti ya 6 ilipigana pale Colito, kusini mwa Addis Ababa, ng'ambo ya mto. Vifaru vya Wataliani vilitoka porini ghafula. Sajini Nigel Leakey, mzaliwa wa Kenya, alirukia kifaru, akakifungua mfuniko na kuwapiga waliomo, kisha akakimbilia vingine na kuuawa. Alipewa Msalaba wa Victoria. Askari wa Tanganyika waliokuwa naye walipigana siku ile ile, katika matope yale yale. Hakuna hata mmoja wao aliyeruhusiwa kuwa ofisa.

Siku hizo hizo Mtawala wa Aosta, mkuu wa Wataliani wote, alijisalimisha mlimani Amba Alagi, na baadhi ya Granatieri walikuwa naye. Haile Selassie alikuwa amekwisha rudi Addis Ababa tarehe 5 Mei, miaka mitano kamili tangu mji wake utekwe. Divisheni ya Granatieri di Savoia ikafa. Aosta alifariki mahabusi Nairobi mwezi Machi 1942, akazikwa Nyeri.

Wafungwa wengi waliletwa Kenya. Ukipanda basi kwenda Nairobi kwa njia ya Sirari, Kisii na Narok, ukishapita Mai Mahiu na kuanza kupanda ukingo wa Bonde la Ufa, utaona kando ya barabara kanisa dogo sana. Wafungwa wa Kitaliani walilijenga mwaka 1942, walipokuwa wakitengeneza barabara hiyo.

Kazi ya darasa. Nyumbani ulizeni kama babu aliacha nishani au karatasi za kutoka jeshini. Nishani ya vita hivi ni nyota ya shaba yenye ncha sita, imeandikwa "The Africa Star". Utepe wake una rangi ya mchanga, mstari mwekundu katikati, na mistari miwili myembamba ya buluu, mmoja uliokolea na mmoja mwepesi. Msitafute jina la babu kwenye nyota. Kwa kawaida halikuchongwa. Jina hupatikana kwenye karatasi. Leteni karatasi hiyo darasani, ikiwa imefungwa vizuri isilowe mvua, mkaisome pamoja na mwalimu: kwanza jina, kisha namba ya askari, kisha rejimenti, kisha mwaka.