KIPANDE CHA ASIYEKUWAPO

Huko Ugiriki kila tarehe 1 Januari jamaa hukusanyika kukata keki iitwayo vasilopita, yenye sarafu moja iliyofichwa ndani. Humkumbuka Askofu Basili wa Kaisaria, aliyewajengea maskini na wagonjwa mahali pa kutunzwa. Baba wa nyumba huchora msalaba juu yake kwa kisu. Kipande cha kwanza ni cha Kristo. Kisha watu wa nyumbani hupewa kwa kufuata umri. Wengi hutenga pia cha maskini na cha aliye safarini.

Sisi nasi tuketipo mezani jioni ya leo, tujiulize: yule mwana tuliyemfukuza kwa hasira, sahani yake iko wapi? Tusikibariki chakula hali tumemfungia mlango. Tumwite arudi.