Taka hatarishi tunazoishi nazo (2): Maji ya betri yanaishia wapi?

Wiki iliyopita tuliziangalia betri za redio na tochi, zile ambazo unga wake mweusi ulipakwa kwenye mbao za shule nyingi za vijijini. Leo ni zamu ya betri za maji za gari, pikipiki na sola, na hapa hatari ni kubwa zaidi.

Zaidi ya nusu ya uzito wake ni madini ya risasi. Risasi ina bei, ndiyo maana betri mbovu hailali jalalani. Mkataba wa Basel wa mwaka 1989 unaihesabu kuwa taka hatarishi, iwe nzima au imevunjwa, na haivushwi mpaka kabla nchi inakopelekwa haijaridhia kwa maandishi. Kwetu Tanzania ipo Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, na kazi ya kukusanya au kusafirisha taka za namna hii inahitaji kibali.

Kwa maandishi tumejitosheleza. Sheria inakwama kwenye mizani ya mnunuzi wa vyuma chakavu. Kijana wa mkokoteni hupimiwa kilo za betri kavu. Maji ya betri, yaani asidi, hayalipwi, ni mzigo, na yanaunguza ngozi. Kwa nini asiyamwage mtaroni? Asidi hiyo imebeba chembe za risasi, nazo hubaki kwenye udongo wanaouchezea watoto.

Huko Thiaroye-sur-Mer, kando ya Dakar, watoto 18 walifariki kati ya mwisho wa 2007 na mwanzo wa 2008 kutokana na biashara ya risasi ya betri kuukuu. Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kilipakana na makazi ya Owino Uhuru. Wakazi, wakiongozwa na Phyllis Omido, walishtaki. Mwaka 2020 wakapewa fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya, Mahakama ya Rufaa ikaitengua, na Mahakama ya Juu ikairejesha Desemba 2024. Mamlaka ya mazingira yenyewe ilikuwa miongoni mwa waliotakiwa kulipa.

Kwa maoni yangu, kanuni moja ingefaa kuliko vibali kumi: betri iliyomwagwa maji isinunuliwe, na iliyo nzima ilipwe zaidi. Nawe msomaji, ukienda kununua mpya, beba ya zamani ikiwa wima na maji yake ndani, udai upunguziwe bei.

Wiki ijayo: taa zenye zebaki.