Dhana ya Uwezo wa Stima Nyumbani: Mfano wa Ploti za Migosi, Kisumu

Makala hii inakusudia kufafanua dhana itajwayo mara nyingi na kueleweka kwa nadra: kiasi cha umeme ambacho nyumba inaweza kupokea kwa wakati mmoja. Mtaa wa Migosi, mjini Kisumu, unafaa kuwa mfano, kwani humo nyumba nyingi ni za kupangisha, na wapangaji kadhaa wa ploti moja huweza kutegemea waya mmoja utokao kwenye nguzo.

Ugumu wa kwanza ni wa lugha. (Neno 'stima' lenyewe, ambalo kamusini ni meli ya mvuke pia, halisaidii.) Msemaji wa kawaida husema 'nguvu' akikusudia mambo matatu tofauti. Volti ni msukumo. Nchini Kenya nyumba hupokea volti 240. Ampea ni wingi wa mkondo upitao katika waya. Wati ni zao la hizo mbili. Mita ya tokeni nayo huhesabu jambo la nne, yaani jumla ya umeme uliokwisha kutumika. Ndiyo maana mpangaji mwenye tokeni tele anaweza kubaki gizani.

Chukulia ploti ambayo fyuzi yake kuu imeandikwa 60. Zidisha kwa 240, upate wati 14,400. Kiasi hicho huonekana kikubwa hadi saa kumi na mbili asubuhi. Shawa ya stima ya wati 5,500 huvuta takriban ampea 23. Shawa mbili, 46. Birika la wati 2,000 huongeza 8, na pasi ya wati 1,200 huongeza 5. Jumla ni 59. Taa na redio si kitu. Walaji hasa ni vifaa vya kupasha joto. Mpangaji wa tatu akifungua shawa yake, mkondo unafika 82.

Fyuzi ikikatika, wapo wanaoifunga kwa waya mnene, na wapangaji hushangilia kwamba stima imerudi. Kumbe kinga ndiyo iliyoondolewa. Mkondo ukiongezeka maradufu, joto ndani ya waya huwa mara nne, na ganda la plastiki juu ya dari huharibika bila mtu kuona, pengine hadi moshi utokee.

Njia ya halali ni kuomba Kenya Power iongeze uwezo, pengine kwa umeme wa awamu tatu, ambapo mzigo hugawanywa katika nyaya tatu. Hata hivyo, fyuzi kubwa haitoshi. Ikiwa waya wa ndani unastahimili ampea 40 tu, uwezo wa nyumba ni 40, na fundi mwenye leseni ya EPRA hana budi kuukagua kabla ya shawa nyingine kufungwa.