Kumlinda Mwenye Ulemavu wa Akili Kwenye Simu Bila Kumpokonya Simu



M-Pesa ilipoanza hapa Kenya mwezi wa Machi 2007, wengi wetu tulidhani ni mambo ya watu wa mjini. Leo mama wa kikundi cha mwethya anayechimba matuta huko Kathiani au Mwala analipa mchango wake kwa simu akiwa bado ameshika jembe. Na yule kijana wa nyumba ya pili, ambaye shuleni alirudia darasa mpaka mwalimu akachoka, naye ana simu yake. Ana WhatsApp, ana Facebook, anaangalia TikTok jioni chini ya mwembe. Hakuna ubaya. Sasa shida ni kwamba sisi tuliomnunulia hiyo simu tulimwonyesha pa kubonyeza, hatukumwonyesha pa kujihadhari.

Kabla hatujaendelea, tuelewane kuhusu maneno. Ulemavu wa akili si ugonjwa wa akili. Ugonjwa wa akili unaweza kumpata mtu yeyote wakati wowote, na hospitalini kuna matibabu yake. Ulemavu wa akili mtu huzaliwa nao au huupata akiwa bado mdogo. Anajifunza polepole, anahitaji kurudiwa, anapata taabu kupima kama neno ni la kweli au la mzaha. Lakini anajifunza. Na yale majina tunayowaita sokoni, tuyaache. Katiba ya 2010, kifungu cha 54, inasema mwenye ulemavu ana haki ya kutendewa kwa heshima na kuitwa kwa namna isiyomdhalilisha.

Tuseme basi kuna kijana wa miaka 24 anayefuga kuku. Mama yake amemsaidia kufungua akaunti ya M-Pesa, na wateja wa mayai wanamtumia pesa humo. Siku moja inaingia meseji: umepokea shilingi 3,500 kutoka kwa fulani. Baada ya dakika moja simu inalia. Mzee anayeongea Kikamba kizuri anasema, "Mwanangu, nimekosea nambari, hizo pesa ni za dawa za mke wangu, tafadhali nirudishie." Kijana ana moyo mzuri, na tena amefundishwa tangu utoto kwamba mzee akisema, wewe unatii. Anatuma. Pesa za mayai zimekwenda, kwa sababu zile 3,500 hazikuwahi kuingia hata kidogo.

Hapa tujiulize wenyewe. Mtoto mwenye ulemavu wa akili tunamfundisha kitu kimoja kuliko vyote: kutii. Msalimie kila mtu, mpe mkono, ukiambiwa njoo uje. Kila mwanamume ni "tata", kila mwanamke ni "mwaitu". Ni adabu nzuri, na kijijini ilimlinda, maana kila mtu alimjua ni wa nani. Lakini kwenye simu hakuna kijiji. Yule anayejiita mjomba hana uso, na huko aliko hakuna jirani wa kumwona. Kwa hiyo somo la kwanza si la simu hata kidogo. Ni kumfundisha kusema "hapana", na sisi nyumbani kuikubali hiyo "hapana" akituambia sisi. Asiyeruhusiwa kumkatalia shangazi yake hataweza kumkatalia mkora.

Njia tuliyoiona inaeleweka ni ya kuchora mchangani. Chukua kijiti, chora duara dogo, kisha kubwa zaidi, kisha kubwa kabisa. Ndani kabisa weka mawe mawili au matatu: mama, dada, na mtu mmoja wa kikundi anayemwamini. Duara la pili ni watu anaowajua kwa uso, kama mwalimu, wa kanisani, mwenye duka. Duara la nje ni wale anaowajua kwa simu tu, hata kama wameandikiana mwaka mzima, hata kama picha ni ya msichana mrembo au ya mchungaji mwenye kola. Mwache aweke mawe mwenyewe. Mwulize, huyu anaweza kukuomba pesa? Huyu unaweza kumwambia mahali tunapokaa? Huyu anaweza kukuomba picha ukiwa umevua nguo? Jibu la swali hilo la mwisho ni hapana kwa maduara yote, na liseme wazi bila kuzunguka. Wazazi wengi huona haya kulitaja. Mkora haoni haya.

Usifundishe yote siku moja. Jambo moja, kwa wiki nzima, kila siku kidogo. Halafu igizeni. Dada aende nyuma ya jikoni apige simu akijifanya mtu wa kampuni: "Umeshinda zawadi, nipe nambari yako ya siri." Kijana akikata simu, apongezwe. Akikosea, mcheke pamoja na kurudia tena. Atakosea mara nyingi, na hiyo ni sawa.

Mambo ya kuyajua kuhusu M-Pesa ni machache. Meseji ya kweli ya pesa inaingia kwa jina la MPESA, haitoki kwa nambari ya mtu ya 07 au 01. Asiyeweza kusoma vizuri anaweza kufundishwa kuangalia umbo la hilo neno tu, kama anavyoijua alama ya matatu ya kwao. Kisha aangalie salio kabla ya kufanya lolote. Safaricom humpigia mteja kutoka nambari moja, 0722 000 000, na hawaulizi nambari ya siri. Meseji ya utapeli unaituma mbele kwa 333, bila malipo. Ukituma pesa kwa mtu asiyestahili, ile meseji ya M-Pesa unaituma haraka kwa 456 kuomba zirudishwe. Ukichelewa mwenzako atakuwa ameshazitoa. Na kama amewahi kumpa mtu kitambulisho chake "amsaidie", bonyeza *106# uone laini ngapi za Safaricom zimesajiliwa kwa jina lake. Kuna watu hutumia kitambulisho cha mwenye ulemavu kusajili laini ya kutapelia wengine, halafu polisi wakija wanabisha kwake.

Vivyo hivyo mtu akidai ni wa Inua Jamii, ile pesa ya serikali ya shilingi 2,000 kwa mwezi, na anataka kwanza atumiwe "ada ya usajili", kata simu uende mwenyewe kwa chifu ukaulize.

Kuna swali huulizwa: je, mama ashike nambari ya siri ya mwanawe? Tumebishana hapa ofisini na hatukukubaliana wote. Maoni ya wengi ni haya. Kama anaweza kuikumbuka, iwe yake peke yake, wala asiandike nyuma ya simu. Kama hawezi, mtu mmoja amsaidie, na mtu wa pili awe anaangalia zile meseji pamoja nao mwisho wa mwezi. Afadhali pia simu ibaki na pesa kidogo tu, na za mayai zilizobaki ziwekwe kwenye akiba ya kikundi. Tunasema hivyo kwa sababu moja inayouma. Anayemla mwenye ulemavu si lazima awe mgeni. Mara nyingine ni binamu, ni rafiki wa boda boda anayemwita "beste" siku za pesa tu. Yale madirisha ya mkopo kwenye simu, kama Fuliza, yanaweza kumwachia deni la mtu mwingine. Lile duara la ndani nalo litazamwe upya kila baada ya muda.

Kwa upande wa WhatsApp na Facebook, kaa naye mbadilishe mipangilio pamoja, yeye akishika simu. Kwenye WhatsApp, sehemu ya faragha, chagua kwamba wanaoweza kumtia kwenye kikundi ni wale walio kwenye orodha yake ya majina tu, na picha yake ionekane kwa hao tu. Washa ule ulinzi wa hatua mbili. Ile nambari ya tarakimu 6 inayoingia kwa meseji asimpe mtu yeyote, maana anayeipata anaichukua WhatsApp yake na kuanza kuwaomba marafiki zake pesa kwa jina lake. Kwenye Facebook, chagua kwamba maombi ya urafiki yatoke kwa marafiki wa marafiki tu. Umri wa kufungua akaunti ya Facebook ni miaka 13, basi mdogo wa chini ya hapo asidanganyiwe tarehe ya kuzaliwa. Mwonyeshe pia namna ya kumfungia mtu anayemsumbua. Wengi hawajui kwamba wanaruhusiwa kumfungia mtu. Wanadhani ni kukosa adabu.

Siku hizi kuna programu zinazoweza kuiga hata sauti ya mtu, kwa hiyo sauti ya mama kwenye simu si ushahidi tena. Chagueni neno moja la nyumbani, jina la ng'ombe wa zamani kwa mfano, la kuulizana simu ya kuomba pesa ikija.

Sasa tuje kwetu sisi wenyewe. Kuna video zinazozunguka za vijana wenye ulemavu wa akili wakichezeshwa ngoma sokoni, wakiulizwa maswali ili watu wacheke. Anayezirekodi ni wa kwetu. Anayezisambaza kwenye kikundi cha WhatsApp, mara nyingi, ni mwanakikundi mwenye kicheko tu na bila nia mbaya. Tena kuna zile za kuomba msaada: picha ya mtoto amekaa chini, jina lake lote, kijiji chake, nambari ya simu ya mama. Tumefanya hivyo hata sisi wa miradi ya kanisa, tukidhani mfadhili hatatoa bila kuona machozi. Picha hiyo inamwambia mkora kila kitu anachohitaji: nani ni rahisi kudanganywa, anaishi wapi, na pesa zitaingia nambari gani. Sheria ya kulinda habari za watu ipo tangu 2019. Kabla ya kupiga picha mwulize mwenyewe, kwa maneno mepesi, picha itaonwa na nani. Akisema hapana, weka simu mfukoni. Na akiwa mtoto, mzazi naye aulizwe, lakini uso wa mtoto usome pia.

Pengine utasema, si rahisi zaidi kumnyang'anya simu mambo yaishe? Hayataisha. Atatumia ya rafiki, kwa siri, na akipatwa na jambo hatakuambia. Kenya iliridhia mwaka 2008 ule Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa haki za watu wenye ulemavu, na mkataba huo unataka asaidiwe kuamua, si kuamuliwa. Halafu fikiria maisha yake. Wenzake waliolewa, wengine wako Nairobi. Kwa wengi simu ndiyo njia ya mtu kumwambia "habari za asubuhi".

Ikiwa jambo limeshatokea, usianze na kelele. Swali la "kwa nini ulikuwa mjinga?" linafunga mdomo wake mwaka mzima. Mwambie umefanya vizuri kuniambia. Usifute meseji wala picha. Zipige picha kwenye skrini, andika nambari na siku. Mkora akiwa anatishia kusambaza picha za uchi asilipwe, kwa maana akilipwa anarudi. Kusambaza picha za siri za mtu ni kosa chini ya sheria ya makosa ya kompyuta ya 2018, kifungu cha 37: faini hadi shilingi 200,000 au kifungo hadi miaka 2, au vyote viwili. Nendeni polisi mkaandikishe, na mdai nambari ya OB.

Kama msichana aliitwa na mtu wa Facebook wakakutana, na amelazimishwa, hospitali kwanza, kabla hajaoga, na kabla ya saa 72 kwisha ili apate dawa za kuzuia virusi vya ukimwi. Simu ya bure 1195 inasaidia mambo ya dhuluma hizo, na 116 ni ya watoto. Kesi hiyo haimalizwi kwa mbuzi nyumbani kwa mzee wa kijiji. Tunajua imekuwa ikimalizwa hivyo. Husemwa eti msichana "haelewi" na hawezi kusimama kortini. Si kweli. Katiba, kifungu cha 50(7), inaruhusu korti imkubalie mlalamikaji kuwa na mtu wa kati wa kumsaidia kueleweka, na Sheria ya Makosa ya Kingono ya 2006 inamhesabu mwenye ulemavu wa akili kuwa shahidi anayestahili ulinzi.

Mkutano ujao wa kikundi, baada ya kuhesabu michango, tunawaomba mtenge nusu saa. Waalikeni wenye ulemavu wenyewe na simu zao pamoja na wazazi. Chagueni watu wawili, mwanamke na mwanamume, ambao mtu akipata meseji asiyoielewa anaweza kuwapelekea hata usiku, bila kuchekwa. Nambari zao ziwekwe kwenye simu ya kila mmoja kwa picha ya uso badala ya jina, ili asiyesoma azipate. Wakati wa mvua, watu wakiwa shambani, mmoja wao abaki na simu yenye chaji.