Simba Humfuata Nguruwe, Nguruwe Hufuata Mhogo

Mahindi yakianza kukomaa Nachingwea na Ruangwa, mkoani Lindi, familia nyingi huhamia shambani. Hujenga dungu, wakapika na kulala huko huko hadi mavuno yaishe, maana nguruwe pori wakiingia usiku mmoja tu wanaweza kumaliza chakula cha miezi. Watoto huandamana na wazazi. Mchana huamia ndege na kufukuza nyani. Usiku hulala kwenye kibanda kisicho na mlango.

Mwaka 2005, watafiti wakiongozwa na Craig Packer, akiwamo Mtanzania Dennis Ikanda, walichapisha katika jarida la Nature hesabu ya kutisha: tangu 1990, simba walikuwa wameua Watanzania zaidi ya 563 na kujeruhi wasiopungua 308. Kusini mashariki, Lindi ikiwamo, ndiko kulikoumia zaidi, na mashambulizi yalizidi Machi hadi Mei, msimu wa mavuno.

Kwa nini? Mapori yakigeuzwa mashamba, pundamilia, kongoni na swala hutoweka. Nguruwe pori hubaki. Hujificha vichakani, hutoka usiku, na mhogo na mahindi ndiyo karamu yake. Tena wakazi wengi ni Waislamu, hawamwindi kwa kitoweo. Simba aliyekosa mawindo mengine humfuata nguruwe hadi shambani, na huko humkuta binadamu amelala.

Mwezi nao una sehemu yake. Utafiti wa mwaka 2011 ulionyesha kwamba hatari hupanda katika siku 10 zinazofuata mwezi mpevu. Simba huwinda vizuri gizani, hivyo usiku wa mbalamwezi hupata kidogo. Mwezi mpevu ukipita, giza hutangulia mwezi kuchomoza, na simba mwenye njaa hutoka saa ambazo watu bado wako nje.

Kwa hiyo ulinzi wa mtoto huanza kwa kumzuia nguruwe: mtaro wenye kina au uzio imara kuzunguka mashamba yanayopakana, na zamu za ulinzi za watu wazima. Watoto walale kijijini, ndani ya nyumba yenye mlango unaofungwa. Wakilazimika kubaki shambani, wawe ndani kabla ya Magharibi, na asitoke mmoja peke yake kwenda chooni.

Kumkataza mzazi kulala shambani bila kumsaidia kuzuia nguruwe ni kumtaka achague kati ya usalama wa mwanawe na chakula chake. Halmashauri zihesabu udhibiti wa nguruwe kuwa sehemu ya udhibiti wa simba, na kazi hiyo ifanyike kabla mahindi hayajabeba.