Maabara ya Muda na Ufundishaji wa Stadi za Kompyuta ya Wingu kwa Watu Wazima

Makala haya yanafafanua namna majukwaa ya mtandaoni yanavyowafundisha watu wazima stadi za kompyuta ya wingu, yaani ujuzi wa kukodi na kuendesha seva na hifadhi za data zilizo mbali kupitia intaneti. Hoja inayotetewa ni kwamba maabara ya muda, iliyo mbinu muhimu ya majukwaa hayo, humjengea mwanafunzi ustadi wa kutenda lakini humwondolea wajibu wa kuamua.

Mfano wa wazi ni Qwiklabs, jukwaa lililonunuliwa na Google mwaka 2016. Mwanafunzi anapoanza zoezi hupewa jina la mtumiaji na nywila ya muda, na saa huanza kuhesabu dakika zilizobaki. Akaunti hiyo si ya kuigiza: seva anayoianzisha ni seva halisi katika kituo halisi cha data. Maelekezo huwekwa hatua kwa hatua. Baada ya hatua kadhaa hubonyeza kitufe cha ukaguzi, programu ikachunguza kama kilichotakiwa kipo na kumpa alama. Muda ukiisha, kila alichokijenga hufutwa.

Ubora wa mbinu hii hauna budi kukiriwa. Anayefungua akaunti yake mwenyewe kwa watoa huduma wakubwa kwa kawaida hutakiwa kutoa kadi ya benki, na seva iliyosahauliwa ikiwa imewashwa huendelea kutozwa usiku na mchana. Kwa mtu mwenye ada za watoto na kodi ya nyumba, hofu hiyo si ndogo.

Tatizo limo katika kinachokaguliwa. Programu huona kwamba seva ipo. Haioni kama mwanafunzi anajua kwa nini imewekwa katika eneo hilo na si jingine. Aliyenakili amri bila kuielewa hupata alama sawa na aliyeielewa. Malcolm Knowles, katika kitabu chake cha mwaka 1970 (mwaka uleule ambao Tanzania iliutangaza kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima), alishikilia kuwa mtu mzima hujifunza kwa kujiongoza na kwa kutumia tajriba aliyo nayo. Kwa kigezo hicho, zoezi ambalo kila hatua yake imeamuliwa na mwingine humrudisha kwenye dawati la mtoto. Fundi mitandao wa miaka kumi na karani anayeanza hupewa maelekezo yaleyale.

Zipo pia maabara za changamoto, ambamo mwanafunzi huelezwa mahitaji ya kampuni ya kubuni bila kuonyeshwa hatua. Hizi ndizo zinazokaribia andragojia, ingawa aghalabu huwekwa mwishoni mwa kozi. Hata humo, suala la gharama, ambalo kazini huulizwa kila siku, hubaki nje. Lingeweza kuingizwa kwa urahisi: kabla maabara haijafutwa, mwanafunzi atakiwe kukadiria gharama ya mwezi mzima ya alichokijenga na kutetea kila kipengele. Vikokotoo vya kazi hiyo hutolewa bure na Amazon, Microsoft na Google.