Wiki Sita za Tuzo Zinaanza Siku Gani?

Mkazi wa Ikola mkoani Katavi, kule mwambao wa Ziwa Tanganyika, akiachishwa kazi, iwe bandarini Karema, dukani au katika shule binafsi, mgogoro wake hauanzii mahakamani. Unaanzia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo wengi huiita CMA, na anatakiwa kuufungua ndani ya siku 30 tangu aachishwe. Usuluhishi ukishindikana, mwamuzi husikiliza ushahidi na kutoa tuzo. Asiyeridhika hakati rufaa. Anaomba marejeo Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, na kifungu cha 91 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 kinampa wiki sita. Husemwa kwamba muda huo ni mfupi mno kwa mikoa ya pembezoni kama Katavi. Kwa maoni yangu, tatizo si urefu wa muda. Tatizo ni siku unapoanza kuhesabiwa.

Sheria haihesabu kuanzia siku mwamuzi alipotia saini. Inahesabu kuanzia siku mwombaji alipopewa tuzo, na kama anadai tuzo ilipatikana kwa njia isiyo halali, kuanzia siku alipogundua hilo. Siku ya kupokea yenyewe haihesabiwi, kwa hiyo aliyepokea tuzo Jumatatu tarehe 3 Machi 2025, siku yake ya mwisho ilikuwa Jumatatu tarehe 14 Aprili. Hesabu ni rahisi mno, lakini yote inasimama juu ya mstari mmoja kwenye daftari la kupokelea nyaraka: jina, saini na tarehe. Mstari huo ukiwa na tarehe isiyo sahihi, au saini ya mtu mwingine, mwombaji anaingia mahakamani akibishania kalenda badala ya haki yake. Na ikiwa nakala ilichukuliwa na mwakilishi aliyemteua mwenyewe katika ofisi ya Tume mjini Mpanda, ni hatari kuanza kuhesabu kuanzia siku ilipomfikia Ikola.

Wapo watakaojibu kwamba umbali nao ni hoja, kwani kwa miaka mingi masjala ya Mahakama Kuu iliyohudumia Katavi ilikuwa Sumbawanga, katika mkoa wa jirani. Ni kweli, na gharama ya safari hizo ilimwumiza mnyonge zaidi. Ila tangu kanuni za mwaka 2018, nyaraka hufunguliwa kwa mfumo wa kielektroniki, na iliyotumwa kabla ya saa sita usiku huhesabika kuwa imefunguliwa siku hiyo. Aliyezuiwa na ugonjwa au jambo lingine la msingi anaweza kuomba nyongeza ya muda. Mlango huo ni mwembamba. Katika shauri la Lyamuya Construction la mwaka 2010, Mahakama ya Rufani iliweka vigezo: kipindi chote cha kuchelewa kielezwe, kuchelewa kusiwe kwa kupindukia, mwombaji aonyeshe bidii wala si uzembe, na uharamu ulio wazi katika uamuzi unaweza nao kuwa sababu. Katika shauri la Bushiri Hassan, Mahakama hiyo hiyo ilisisitiza kwamba hata siku moja ya kuchelewa lazima itolewe maelezo.

Kwa nini basi tusiombe miezi mitatu, kama Sheria ya Usuluhishi ya Kenya ya mwaka 1995 inavyotoa? Kwa sababu sheria hiyo imelenga zaidi mikataba ya biashara, ambako pande zote huwa na mawakili na akiba. Katika ajira, mara nyingi aliyeshinda ni mfanyakazi anayesubiri mishahara yake na kiinua mgongo, na kila wiki anayoongezewa mwajiri ili apinge tuzo ni wiki nyingine ya kungoja bila kipato. Muda mfupi unamlinda yeye kwanza. Isitoshe, kufungua marejeo peke yake hakusimamishi utekelezaji wa tuzo. Mpaka Mahakama iamuru hivyo.

Kinachofaa kudaiwa, basi, ni kwamba Tume impigie simu kila mhusika siku tuzo inapokuwa tayari, imkabidhi nakala kwa saini yake mwenyewe, na kumwandikia pale pale juu ya nakala hiyo tarehe aliyoipokea na tarehe ambayo wiki sita zitakwisha. Kwa mtu anayetoka Ikola, tarehe hizo mbili kwa wino zina faida kubwa kuliko wiki sita nyingine za nyongeza.